Mbona Hamuui?

Majuma machache yaliyopita mzazi mmoja, msomaji wetu wa siku nyingi, alifika ofisini petu na swali ambalo halikuwa lake. Lilikuwa swali la mwanawe, kijana wa miaka 12. Mtoto huyo alikuwa ametazama, kama watazamavyo watoto wengi siku hizi, filamu ya yule shujaa wa Kimarekani aitwaye Batman, mtu avaaye vazi la popo na kuwawinda wahalifu usiku. Katika filamu hiyo adui yake, Joker, mwenye uso mweupe na kicheko kisichokoma, ameua watu wengi. Mwisho aanguka mikononi mwa Batman, na Batman hamuui. Ndipo mtoto akamwuliza baba yake: "Baba, mbona hamuui? Si ataua tena?"

Baba akajibu kama ambavyo wengi wetu tungejibu: akimwua, filamu itakwisha. Mtoto hakuridhika. Akanyamaza kidogo, kisha akaongeza neno moja, na neno hilo ndilo lililomleta baba yake kwetu. Alisema: "Mbona yule wa sokoni walimwua?"

Hatutaji mji wala hatutaji mtu. Siku chache kabla ya hapo kijana mmoja alituhumiwa kuiba simu katika soko la mji ule. Alikimbizwa, akapigwa mawe, kisha akachomwa moto kwa mpira wa gari. Hata leo haijathibitika kama ndiye aliyeiba. Mtoto hakuyaona hayo, aliyasikia shuleni. Lakini baba yake alikuwako. Alikuwa amekwenda kununua maharage. Alisimama mbali kidogo na mfuko wake mkononi, hakurusha jiwe, hakusema neno, na mambo yalipokwisha alikwenda zake nyumbani. Mwanawe hajui kwamba alikuwako.

Twaonelea kwamba swali la mtoto huyu lastahili kujibiwa mbele ya wasomaji wote, maana twasadiki kwamba laulizwa katika nyumba nyingi, hata pale ambapo halitamkwi.

Huenda wako watakaostaajabu kuona ukurasa huu ukisumbuka na watu waliochorwa karatasini. Wasistaajabu. Watoto wetu wawajua watu hao kuliko wawajuavyo baadhi ya jamaa zao. Wamewaona katika televisheni, katika simu za wakubwa wao, na katika mabanda ya video ambako msimulizi huwafasiria maneno kwa Kiswahili. Mtaani wamewapa majina yao wenyewe: shujaa ni "steringi", mpinzani wake ni "adui", na kila mtoto ajua sheria ya kwamba steringi hafi. Hata wakubwa hawakuachwa nyuma. Filamu ya Black Panther ilipotoka mwaka 2018, wengi katika Afrika ya Mashariki walikwenda kuitazama, na walifurahi kumwona humo Mkenya Lupita Nyong'o. Basi, jambo hili si la mbali.

Asili ya mashujaa hawa ni vijitabu vya katuni vya Marekani. Vijana wawili wa mji wa Cleveland, Jerry Siegel na Joe Shuster, wana wa wahamiaji wa Kiyahudi, ndio waliomtunga Superman. Yafaa kukumbuka kwamba mwaka 1933 Siegel alikuwa ameandika hadithi ya mtu mwenye jina hilo hilo, aliyepata nguvu zipitazo za wanadamu; lakini mtu yule wa kwanza alikuwa mwovu, aliyetaka kuutawala ulimwengu. Baadaye vijana hao walibadili shauri. Mwaka 1938, katika toleo la kwanza la Action Comics, kijitabu kilichouzwa kwa senti 10 za Marekani, Superman alitokea akiwa mtetezi wa wanyonge. Haki zote za shujaa huyo waliziuza kwa dola 130.

Hapa tayari pana fundisho. Jina lilikuwa moja, nguvu ilikuwa moja. Kwanza ilikaa kwa mwovu, kisha ikakaa kwa mwema. Nguvu peke yake haimwambii mtu aende upande gani. Na yule Superman wa mwaka 1938 alianza kazi yake kwa tendo lipi? Hakuanza kwa kupigana na majitu. Alikimbia usiku mpaka nyumbani kwa gavana, akiwa amekwisha kumkamata mwuaji wa kweli, ili amwokoe mwanamke aliyekuwa karibu kuuawa kwa hukumu ya serikali kwa kosa ambalo hakulitenda. Tendo la kwanza la shujaa wa kwanza lilikuwa kuzuia mtu asiyekuwa na hatia asiuawe. Wako wanaodhani kwamba hadithi hizi tangu mwanzo zilifundisha kuua tu, hao hawakuzisoma.

Batman alifuata mwaka 1939, kazi ya Bob Kane na Bill Finger. Huyu hana nguvu za ajabu. Ni tajiri ambaye wazazi wake waliuawa mbele ya macho yake alipokuwa mtoto. Wasomaji wetu wajue kwamba katika miezi yake ya mwanzo Batman aliua. Alichukua hata bastola. Katika masika ya mwaka 1940 lilitoka toleo la kwanza la kijitabu chenye jina lake, na ndani yake alitumia bunduki ya rashasha juu ya watu. Mhariri wake, Whitney Ellsworth, aliona kwamba jambo hilo halifai mbele ya watoto wanaosoma. Akaagiza kwamba tangu hapo Batman asiue wala asitumie bunduki. Katika toleo lile lile Joker alitokea kwa mara ya kwanza, na watungaji walikuwa wamepanga afe mwishoni. Mhariri yule yule alikataa. Aliona kwamba adui mzuri namna hiyo asipotezwe bure, akaamuru iongezwe picha moja ya kuonyesha kwamba Joker bado yu hai.

Tafadhali, msomaji, tulia hapa kidogo. Huruma ya Batman na uzima wa Joker vilitoka katika meza moja ya mhariri. Amri ya kwanza ilikuwa ya adabu, na ya pili ilikuwa ya biashara. Tangu siku ile shujaa haruhusiwi kuua, na adui haruhusiwi kufa.

Katika hadithi za wazee wetu mambo hayakuwa hivyo. Zimwi lilikuja, likala watu, mwisho likauawa, watu wakatoka tumboni mwake, na hadithi ikaishia hapo. Bibi hakuwa na haja ya zimwi lile lile kesho. Kesho alikuwa na hadithi nyingine. Lakini mwenye kuuza kijitabu kila mwezi anahitaji zimwi lake lirudi kila mwezi. Ndiyo sababu Joker hufungwa, hutoroka, huua, hukamatwa, hufungwa tena, na hutoroka tena, kwa miaka zaidi ya 80 sasa. Kufuli ya mahabusi ya Gotham, mji wa Batman, haikuvunjwa na werevu wa Joker. Imeachwa wazi na mwenye duka.

Basi, jibu la baba yule, kwamba filamu itakwisha, halikuwa jibu la mzaha. Lilikuwa kweli, ila lilikuwa nusu ya kweli. Mtoto aambiwe na nusu ya pili: fumbo hili limepangwa makusudi. Mtu ameonyeshwa mwovu ambaye hawezi kufungika, kisha akaulizwa: je, auawe au asiuawe? Kama kweli hakuna gereza liwezalo kumzuia, moyo wa mtazamaji wavutwa kidogo kidogo kusema "auawe". Na moyo ukizoea kusema hivyo mbele ya picha, waweza kusema hivyo hivyo mbele ya mtu.

Kwamba huu si woga wetu tu, yako mambo yaliyotokea. Mwaka 1988 wenye vijitabu vya Batman waliwatolea wasomaji wao hadithi ambayo ndani yake Joker ampiga kijana Robin, msaidizi wa Batman, kwa mtaimbo, kisha amwacha ndani ya ghala pamoja na bomu. Ghala hilo, kwa habari ya wasomaji wetu, liliwekwa katika nchi ya Ethiopia. Ndipo wasomaji wakaambiwa wapige simu: namba moja kwa atakaye kijana apone, namba nyingine kwa atakaye afe. Kila simu ililipiwa senti 50. Kura 5,271 zilisema apone. Kura 5,343 zilisema afe. Akafa kwa tofauti ya kura 72.

Twajua kwamba hakuna damu iliyomwagika, ilikuwa wino. Twajua pia kwamba wengi waliopiga simu walikuwa watu wa kawaida, wenye kazi na wenye jamaa. Lakini tusipite haraka. Kila mmoja wao, akiwa peke yake nyumbani, bila mtu wa kumwona, alibonyeza namba, akalipa, akarudi kwenye shughuli zake. Hakuna aliyejiona ameua. Kila mmoja alikuwa amechangia kidogo tu.

Sasa turudi kwenye swali lenyewe, maana tukiisha kuwalaumu wenye duka bado hatujamjibu mtoto. Na tuseme kwamba Joker ni mtu kweli, na kwamba ataua tena. Je, Batman asiyemwua ana sehemu katika damu ya wale watakaouawa kesho?

Wanafalsafa wamelishindania jambo hili tangu zamani. Mtakatifu Thomas wa Akwino, aliyeishi karne ya 13, alifundisha kwamba mwenye mamlaka ya nchi aweza kumwua mhalifu wa hatari kwa ajili ya usalama wa watu wote. Lakini raia asiye na mamlaka hayo hana ruhusa ya kufanya hivyo, hata ikiwa aliye mbele yake ni mwovu kweli kweli. Mwaka 2018 Baba Mtakatifu Fransisko aliagiza Katekisimu irekebishwe, ikaandikwa kwamba adhabu ya kifo haikubaliki hata mkononi mwa serikali. Moja ya sababu zilizotolewa ni kwamba siku hizi zipo njia za kumfunga mhalifu ambazo zawalinda raia bila kumnyima yeye nafasi ya kutubu.

Kwa hiyo twajibu hivi. Tendo la mtu mwenye hiari ni lake. Joker akiua kesho, aliyeua ni Joker. Hata hivyo, yule aliyekuwa na wajibu na uwezo wa kuzuia, asizuie, hawezi kunawa mikono. Je, Batman hakuzuia? Alizuia: alimkamata, akamkabidhi. Kuanzia hapo wajibu si wake tena, ni wa mji. Mlinzi, hakimu, mkuu wa mahabusi, na raia wanaolipa kodi, hao ndio wa kuulizwa. Mtoto aliuliza swali zuri, ila alimwuliza mtu asiyehusika. Swali la haki si "Mbona Batman hamuui Joker?" Swali la haki ni "Mbona watu wa Gotham hawatengenezi kufuli yao?"

Tunapofika hapo tumekwisha kuondoka Marekani; tumefika sokoni kwetu.

Mwulize mtu yeyote aliyewahi kuona mtuhumiwa akiuawa na kundi: kwa nini hamkumpeleka polisi? Atakujibu bila kusita: "Ukimpeleka leo, kesho yuko mtaani anakucheka." Jibu hilo ni lile lile la Gotham. Tungekuwa wanafiki kama tungesema halina ukweli wowote. Wako watu walioibiwa mara tatu na mtu mmoja. Wako waliomwona mwizi wao akitoka kabla wao wenyewe hawajamaliza kuandikisha maelezo. Mama anayeuza nyanya, ambaye mtaji wake wote wakaa ndani ya kitambaa alichofunga kiunoni, akiibiwa huo amevunjiwa nyumba. Uchungu wake ni wa kweli, na hatumcheki.

Lakini mara nyingi kesi huanguka kwa sababu gani? Hongo ipo, nayo hupokelewa kwa kuwa yuko anayeitoa. Tena ipo sababu nyingine tusiyopenda kuitaja: siku ya kesi, mashahidi hawafiki. Wale mia waliokuwa na nafasi ya kukimbia na kuokota mawe, hakuna hata mmoja mwenye nafasi ya kupanda gari asubuhi, kukaa kwenye benchi la mahakama, na kusema "Nilimwona." Kufuli yetu imeharibika, naam, lakini sehemu ya kufuli hiyo ni sisi wenyewe. Kisha twamchoma mtu moto kwa sababu kufuli haifungi.

Kuna shujaa mwingine ambaye watoto wampenda sana, naye atatusaidia hapa. Ni Spider-Man, aliyetungwa na Stan Lee na Steve Ditko mwaka 1962. Wengi wakumbuka jinsi anavyoning'inia juu ya majumba. Wachache wakumbuka jinsi alivyoanza. Alikuwa kijana mwanafunzi, yatima aliyelelewa na ami yake na mke wa ami yake. Alipopata nguvu zake alizitumia kujitafutia fedha na sifa. Siku moja mwizi alipita mbele yake akikimbizwa na askari. Angaliweza kumzuia kwa kunyosha mkono tu. Hakumzuia, aliona si kazi yake. Baada ya siku chache mwizi yule yule akamwua ami yake.

Kijana huyu hakuua. Hakuiba. Hakusema uongo. Alisimama tu. Na kwa muda wa miaka zaidi ya 60 hadithi yake yote yazunguka pale aliposimama. Wazee wetu walisema: usipoziba ufa utajenga ukuta. Sisi tuliofundishwa kuungama makosa ya mawazo, ya maneno, ya matendo na ya kutotimiza wajibu, twalisema hilo la mwisho kwa haraka, kama vile ni dogo. Kijitabu cha senti chache kimelishika kuliko sisi.

Twaomba isieleweke kwamba twawasifu mashujaa hawa katika mambo yote. Batman ni mtu aliyejipa mwenyewe kazi ya kuadhibu, tena usiku, tena akiwa amefunika uso. Mji ambao kila mwenye uchungu angevaa kinyago na kuingia barabarani haungekalika. Lakini laiti wenzetu wa sokoni wangemfuata hata katika hilo moja alilojikataza! Maana kundi nalo ni kinyago. Anayerusha jiwe katikati ya watu mia amefunika uso wake kuliko Batman, na kesho atauza samaki wake kama kawaida. Chini ya kinyago cha Batman mna mtu mmoja aliyejiwekea mpaka. Chini ya kinyago cha kundi hamna mtu.

Hata magazeti yetu husaidia kukifunga kinyago hicho. Huandika kwamba marehemu "aliuawa na wananchi wenye hasira kali". Lipi jina lenye heshima kuliko mwananchi? Mmoja akiua aitwa mwuaji. Mia wakiua waitwa wananchi. Na hasira yao, ambayo methali yasema ni hasara, yaandikwa kana kwamba ni udhuru. Sisi katika gazeti hili hatutaliandika neno hilo tena kwa maana hiyo, na kwa siku zilizopita tulipoliandika twaomba radhi.

Mwaka ule ule wa 1988 kilitoka kitabu kingine cha Batman, kilichotungwa na Alan Moore na kuchorwa na Brian Bolland. Humo Joker ataka kuthibitisha kwamba hakuna tofauti kati yake na watu wema, ila siku moja mbaya. Mtu yeyote akipatwa na siku mbaya ya kutosha, atakuwa kama yeye. Ili kuthibitisha hayo ampiga risasi binti wa mkuu wa polisi na kumtesa baba huyo kwa uchungu usiosemeka. Mkuu wa polisi, akiwa bado atetemeka, amwagiza Batman amkamate Joker kwa kufuata sheria. Baba aliyeumizwa hivyo! Hapo ndipo Joker ashindwapo, wala si pale apigwapo ngumi.

Siku ile sokoni ilikuwa siku mbaya. Walikuwapo akina mama wenye vikapu, wazee, wanafunzi, na bila shaka wengine waliosali Jumapili pamoja nasi. Kama adui yule wa karatasi angepita pale, angesema nini? Angecheka, nasi tusingekuwa na la kumjibu.

Isidhaniwe kwamba kundi na moto ni mambo ya wasiosoma au ya wasioamini. Katika mwaka 1948 watu wengi wa Marekani walihofu kwamba vijitabu vya katuni vyaharibu watoto, na katika miji kadhaa watoto walikusanywa ili wavichome hadharani. Katika mji wa Binghamton, jimbo la New York, waliofanya hivyo walikuwa watoto wa shule ya parokia, ya Kikatoliki kama sisi. Mwaka 1954 daktari Fredric Wertham, mtu aliyekuwa amefungua kliniki kwa ajili ya Weusi maskini wa Harlem na ambaye nia yake hatuitilii shaka, alichapa kitabu cha kuvishtaki vijitabu hivyo. Kamati ndogo ya Seneti ikafanya uchunguzi, na wenye viwanda wakajiwekea kanuni kali. Ikaamriwa kwamba kila mara wema ushinde, mwovu aadhibiwe, na wakuu wa serikali wasidharauliwe. Kanuni hizo zilidumu, zikilegezwa pole pole, mpaka mwaka 2011 zilipoachwa kabisa. Mwaka 2012 mtaalamu mmoja aliyezichunguza karatasi za daktari huyo alionyesha kwamba baadhi ya ushahidi wa watoto ulikuwa umebadilishwa ili uafikiane na hoja yake.

Twayaleta hayo kwa sababu wako wazazi watakaotuambia: wakatazeni watoto wasitazame, na mambo yatakwisha. Kuchagua yafaayo kwa umri wa mtoto ni kazi ya mzazi, wala hatumwondolei. Lakini ona: waliochoma karatasi walikuwa na nia njema, na aliyebadilisha ushahidi alikuwa na nia njema, na kanuni iliyoamuru wema ushinde kila mara ilizaa hadithi nyingi ambazo mtoto hangeweza kuuliza ndani yake swali aliloliuliza mtoto wetu. Tukimzuia mtoto asimwone Joker, hatujamzuia asione sokoni. Mtoto huyu hakujifunza kuua kutoka kwa Batman. Filamu ilimwonyesha mtu asiyeua, naye akashangaa, kwa kuwa alikuwa amekwisha kusikia habari za watu wanaoua.

Basi, wazazi wapendwa, mtoto akiuliza "Mbona hamuui?" tumwambie nini?

Tumwambie kwanza kwamba Batman si hakimu, nasi si mahakimu. Pili, tumwambie kwamba mtu hukosea: yule tunayemshika huenda siye, na aliyekwisha kufa hawezi kurudishwa hata tukigundua kesho kwamba simu ilikuwa imesahauliwa mezani. Tatu, tumwambie kwamba hata akiwa ndiye, simu ni simu na mtu ni mtu. Nne, na hili ndilo gumu, tumwambie kwamba kutomwua mwovu hakutoshi. Aliyemkamata amkabidhi, aliyeona aseme, aliyeombwa hongo akatae, aliyeitwa shahidi aende. Anayesema "asiuawe" kisha akarudi nyumbani na maharage yake hajafanya kazi ya Batman. Amefanya kile Spider-Man alichofanya siku ya kwanza.

Baba yule alipotuuliza amjibu nini mwanawe, tulimwambia aanze kwa kumweleza alikuwa amesimama wapi. Alikaa kimya muda mrefu. Akauliza kama hilo lingeweza kuachwa. Tukamwambia kwamba laweza kuachwa, na mengine yote tuliyosema yangebaki kuwa maneno mazuri.

Juma lililopita alirudi. Alikuwa amemwambia. Mtoto hakulia wala hakumlaumu, alimtazama tu, kisha akauliza swali moja zaidi: "Baba, kwa hiyo wewe unawajua waliomwua?"

Anawajua. Wawili ni majirani zake, na mmoja ni rafiki yake. Polisi bado wanatafuta mtu wa kusema. Alipotusimulia hayo hakutuomba shauri, nasi hatukumpa, maana yeye na mwanawe walikuwa wamekwisha kulijua jibu. Alituomba jambo moja tu: kwamba siku atakapokwenda, awepo mtu wa kukaa karibu naye kwenye lile benchi. Tumemwahidi kwamba tutakuwapo.